Kitanda cha Juu

Bweni letu liko Baba Dogo, nyuma ya kiwanda cha rangi,
na usiku wa kwanza sikulala.
Si kwa ugeni. Ni kwa nafasi.
Miaka kumi na tisa nimelala ubavu,
Odera magotini, Adipo mgongoni,
sasa godoro zima linaniuliza: unaanzia wapi?
Nikajikunja ukingoni, nikaiacha nusu ya pili
kana kwamba kuna mtu atarudi.

Saa nne kamili matroni Jerotich huzima taa.
Hutuhesabu vichwa kama mayai kwenye trei,
hurudia kuhesabu, maana mwaka jana mmoja aliruka ukuta
akaenda kuuza soksi Gikomba.
"Hapa hamlipi karo," husema. "Mnalipa kwa kuwepo."
Chini yangu Wavinya anasomea umeme;
hukariri rangi za nyaya usingizini,
kahawia, samawati, kijani chenye mstari.
Diramu wa Kiamaiko huficha nusu ya mkate chini ya mto
hadi Ijumaa, ampelekee nyanya yake.
Tumekubali kulala na sisimizi.

Mimi ni wa mabomba.
Mwalimu Kithome ana vidole vinane;
vile viwili vingine hatuulizi.
Alituambia: maji hayana urafiki,
yakiona tundu la sindano yatapita humo.
Nikajifunza kuzungusha tepu nyeupe kwa kufuata uzi,
kukaza spana mpaka mkono useme basi,
kisha kidogo tena, kisha nyamaza usikilize.
Kiungo kilichofungwa vyema hakina sauti.
Nilipenda hilo. Nilitoka mahali
ambapo kila kitu kina sauti.

Mwisho wa mwezi wa pili tukapewa ruhusa, siku mbili.
Mukuru haikuwa imeningoja.
Odera amenyoosha miguu, amejaza pengo langu;
mama akanitandikia gunia karibu na mlango,
akaniita mgeni, kwa mzaha, mara mbili.
Usiku nikasikia: to. To. To.
Tangi la Nyaboke muuza maji
linavuja kwenye koki.
Nikatoka na spana niliyoazima karakana,
simu menoni, tochi imewaka,
nikafungua, nikafuta kutu, tepu mara saba,
nikakaza. Nikasikiliza.
Kimya.
Nililala kama aliyelipwa.

Alfajiri Naliaka wa chumba cha mwisho
alikuwa amesimama pale na sufuria.
Kila jioni huitega; kila asubuhi huamkia
uji wa watoto watatu, na ya kunawa uso yakibaki.
Hakuniuliza neno. Aliitazama koki
jinsi mtu anavyoitazama simu iliyokataa kulia,
akaigonga kwa kidole, akaondoka.

Nyaboke akanipa shilingi hamsini, akanisifu mbele ya ploti nzima:
"Huyu sasa ni fundi kamili!"
Mama akacheka, akanyoosha shingo.
Hamsini ni mitungi mitano.
Nilimpelekea Naliaka miwili.
Akapokea, akashukuru kwa adabu ya mtu
anayejua kwamba kesho hutakuwepo.

Usiku wa pili nikatoka tena.
Sikuwasha tochi. Mikono ilishajua.
Robo mzunguko, kushoto.
To.
Nikangoja la pili, nikaingia ndani.

Jumatatu, mtihani. Swali la nne:
Kiungo kinavuja. Eleza hatua utakazochukua.
Kithome akipita kati ya madawati, vidole vinane nyuma ya mgongo.
Nikaandika: funga maji, fungua, safisha, tepu, kaza, sikiliza.
Nikapata alama zote.

Usiku ule, kitanda cha juu, nililala katikati,
miguu imetawanyika kama ya Odera.
Mwisho wa ukumbi, bafuni, bomba moja likawa linadondoka.
"Fundi," Wavinya akaita kutoka chini, macho makavu,
"kwani husikii?"
Nasikia, nikasema.